Santuri Zilizopinda Juani

Naikumbuka vizuri, mwanangu, siku santuri za kaka yangu Chola zilipoteremshwa kutoka kwenye lori la samaki hapa Nchelenge. Ilikuwa miaka ya sabini, na kila kijana alitaka suruali pana chini na gitaa la umeme. Nyinyi leo mnatoa wimbo kwa simu mkiwa mmelala kitandani, kwa hiyo nivumilie nikieleza.

Albamu ya kwanza Chola aliirekodia kampuni moja ya mjini. Wakubwa wa kampuni walizirefusha nyimbo zake, wakajaza kelele katikati, na sauti za waitikiaji zikazama kabisa. Hakuipenda hata siku moja. Ya pili akasema ataitoa mwenyewe. Aliuza injini ya boti aliyoachiwa na baba, akalipia studio na kiwanda, akanichukua mimi na binamu yetu kutoka kwaya ya kanisa twende tukaitikie. Nyimbo zilikuwa fupi, gitaa kali, ngoma haitulii, na kiitikio kitamu ambacho ukikisikia asubuhi unashinda nacho. Nasema bila aibu, ingawa sauti mojawapo ni yangu: ilikuwa kazi nzuri sana. Ila santuri zisiponunuliwa, basi, injini imekwenda, na Chola atabaki kuvuta nyavu za watu wengine.

Siku hiyo yeye alikuwa ameenda baa kuazima gramafoni, kwa hiyo mama ndiye aliyepokea maboksi. Sasa elewa, sisi watu wa ziwa Mweru adui yetu ni maji. Maji yanaozesha samaki, yanaozesha unga, yanaozesha karatasi. Jua ndilo linalotulisha, maana bila jua hakuna samaki mkavu wa kuuza. Mchanga ulikuwa umelowa. Basi mama, kwa mapenzi yake yote, akaondoa samaki wake kwenye chanja ya juu kabisa, akayapanga maboksi pale na kuyafungua ili yasipate unyevu. Mchana kutwa alishinda akifukuza mbuzi wasiyakaribie.

Chola akarudi jioni na gramafoni begani. Tukaweka santuri ya kwanza. Jua lilikuwa limeilainisha na kuipinda: sindano ikapanda, ikashuka, na sauti zetu zikayumba kama walevi ndani ya mtumbwi. Ya pili vilevile. Mama alipoelewa alichofanya, aliketi mchangani akajifunika uso kwa kitenge. Chola akachuchumaa karibu naye, akamwambia kwa Kibemba kwamba hata yeye angeziweka palepale. Sijui kama kweli angeziweka. Najua sikuwahi kumpenda kaka yangu kama saa ile.

Habari haikai hapa kwetu. Asubuhi yake akaja Papa Ilunga, mfanyabiashara Mkongo aliyekuwa akivusha samaki na vitenge kwenda Kilwa, hii Kilwa ya ng'ambo ya ziwa, si ile ya pwani. Ikabidi sote tugeukie Kiswahili cha sokoni, kile ambacho "watu" ni "bantu" na "ndiye" ni "njo".

"Bon, ndugu mudogo, unipatie yote, na ile ya kupinda," alisema. "Nitauzisha kule Kilwa. Nani atavuka ziwa kuja kulalamika ju ya diski moya?"

Mama akamtazama Chola kwa macho ya kuomba. "Mwana, kubali tu. Injini itarudi."

"Hapana, Papa," Chola akasema. "Ile ya kwanza, bantu balisema kampani njo iliharibu. Hii iko na jina yangu peke. Nitamusingizia nani?"

"Weye uko kichwa nguvu," Papa Ilunga akajibu, akaenda zake akicheka.

Santuri za katikati ya maboksi zilikuwa zimepona, lakini kwa macho tu huwezi kujua ipi nzima. Basi Chola akahamia baa, akazisikiliza moja moja, toka mwanzo hadi mwisho, pande zote mbili. Mwenye baa akalalamika kwamba sindano yake inaisha. Wateja, waliozoea rumba ndefu, wakanung'unika: "Wimbo inaisha mbele mutu hajasimama kucheza." Lakini siku zilivyokwenda, akina mama sokoni wakaanza kuimba kile kiitikio huku wakigeuza samaki, vijana wa baiskeli wakakipeleka hadi vijiji vya Kabuta, na ikafika Jumamosi moja watu wanadai wimbo urudiwe, na urudiwe tena. Hakuna aliyepanga hivyo. Kaka yangu alikuwa anakagua mali yake tu.

Zilizopinda alizivunja mbele yetu, na mama akaziba masikio. Zilizopona zilinunuliwa zote, ingawa zilikuwa chache mno kurudisha injini, nisikudanganye. Mmoja wa wanunuzi wa mwisho alikuwa Papa Ilunga. Chola akafungua gramafoni ili amsikilizishe kwanza, lakini mzee akamshika mkono.

"Acha. Kama ni weye njo unaniuzisha, ju ya nini nisikilize?"

Akaifunga santuri yake ndani ya kitenge, akashuka nayo kwenye boti.

Chola alivuta nyavu za watu misimu kadhaa, mwanangu, na albamu ya tatu hakuitoa. Mjini hawakumkumbuka. Lakini mimi nilipoanza biashara yangu ya samaki, nikavuka kwenda Kilwa peke yangu, msichana asiyejulikana, nikasema mimi ni mdogo wake Chola, yule ambaye Papa Ilunga alikuwa ameshawasimulia habari zake. Hakuna aliyefungua gunia langu kulikagua. Nililia pale pale sokoni, na wale wateja wakadhani nimefiwa.

Ndiyo maana nakuambia: ukitaka uhuru wa kufanya kazi yako utakavyo, chukua na lawama yake. Usitoe mkononi mwako kitu unachojua ni kibovu, hata kama mnunuzi anakaa ng'ambo na hutamwona tena. Na anayekupenda akikuharibia bila kujua, keti naye kwanza, hasara itasubiri. Mungu akupe kazi ambayo hutaogopa kuiandikia jina lako, na popote utakapofika, jina hilo lipokewe gunia likiwa limefungwa.