Wakwe wa Kasokola na Mkate Wangu wa Jibini

Jamani, kule kijijini Kasokola sijui nitakanyaga tena na uso gani. Wakwe zangu, wafugaji wenye zizi lililojaa, walikuja Mpanda mjini kwa mara ya kwanza kuona kijana wao anaishije na mimi. Nikajitia mjuzi. Video ya kwenye simu ilinifundisha kubanika mkate, kuweka jibini juu, kipande cha embe, kisha asali kidogo. Jibini lenyewe niliagiza Dar, likaja na basi.

Nikawanawisha mikono kwa maji ya vuguvugu, nikaleta sahani. Baba mkwe akala embe, mkate akaurudisha taratibu. Mama mkwe akamaliza wake, akasema, "Asante, mwanangu."

Wakakaa. Hakuna aliyeaga. Nikadhani wamenogewa na maongezi, nikazidi kupiga stori. Mume wangu, Masanja, akawa ananikonyeza. Na mimi mpumbavu namkonyeza pia, nikijua ananisifia.

Mwisho mama mkwe akajifunga kitenge kiunoni. "Ngoja nikusaidie kusonga ugali, mwanangu, naona umekuelemea."

Kabla sijanyanyuka, ameshafika jikoni. Nikasikia anafunua sufuria moja baada ya nyingine. Zote tupu, na jiko baridi.

Akarudi, akamtazama Masanja, shati linavyompwaya na mkanda alioutoboa tundu la ziada.

"Baba Masanja," akamwambia mumewe kwa upole, "kumbe ndiyo maana mtoto amekonda."