Mshono Uliong'aa Kupita Kiasi

Ipo siku moja, mwanangu, hunirudia kila nikiona chuma kimechomelewa kikang'aa kupita kiasi. Watu hukisifu. Mimi hukisogelea nikakichunguza kama mtu aliyewahi kuuziwa samaki wa juzi.

Nilikuwa kijana, fundi wa kuchomelea kwenye gereji moja huku Ruhembe, tukitengeneza matela ya kubebea miwa. Mashine yetu iliyeyusha waya mshononi, na gesi ya mtungi ikiukinga na hewa. Shule niliiacha mapema; habari zangu na mwalimu mmoja tuziache. Mtungi wa gesi ukiisha, aliyeufuata Morogoro ni Sudi, kijana wa Magomeni ya Kilosa, ambaye alikuwa amepeleka posa kwa dada yangu Rehema. Tulitaniana kutwa.

"Dada yangu nitampa mtu anayeoga," namwambia.

"Nitaoga siku ya harusi, shemeji. Maji ni ya shida."

Utani ulikufa siku mkono wa tela niliouchomelea mimi, ule unaoshikana na trekta, ulipokatika mteremkoni. Tela likaingia mtaroni na miwa yake. Kijana aliyekaa juu aliruka, akapona. Tukauchomelea upya, nikaongeza na gesi. Haukukaa, ukakatika palepale. Na mshono ulikuwa laini, ungeweza kujitazamia uso.

Bosi wetu, Bwana Kondo, akaupiga teke mtungi. "Gesi hii imepunjwa njiani. Kikulacho ki nguoni mwako." Akamtazama Sudi.

Nami nikamtazama. Nikakumbuka safari ya mwisho alilala Mikumi, eti gari liliharibika. Gari gani? Na vile viatu vipya je? Shaka ni kama mchwa, mwanangu, haibishi hodi. Nikamwendea baba nikamwambia ile posa asiipokee kwanza. Bosi naye akatangaza kwamba Jumamosi ndiyo mwisho wa Sudi, na kila gereji hadi Mikumi itaambiwa sababu.

Kabla ya Jumamosi akaja Mzee Chilongola, fundi wa reli aliyestaafu, kutaka toroli lake lizibwe. Tukamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba huku macho yakiwa kwenye ule mkono uliokatika. Bosi akamsimulia habari ya gesi na Sudi.

"Waya huu nani kanunua?"

"Mimi mwenyewe," akasema Bosi. "Wa zamani uliisha. Waya ni waya, Mzee."

"Boksi lake liko wapi?"

Boksi tuliliwashia moto wa chai.

Mzee akafunga gesi kabisa, akachomelea vipande viwili vya chuma kwa waya uleule. Moshi ukajaa, cheche zikaruka, mshono ukatoka na magamba kama mgongo wa kenge. Bosi akacheka. Mzee akaniambia nichomelee vyangu kwa gesi, kama kawaida yangu. Vikabanwa kwenye jiliwa, kimoja kimoja, nikapewa nyundo. Changu kikakatika kama muhogo mkavu. Chake kikapinda, kikapinda tena, hakikuachia.

"Waya huu una unga tumboni," akasema. "Unga ndio kinga yake, una dawa ya kupigana na hewa. Ninyi hewa mmeifukuza kwa gesi, dawa ikakosa wa kupigana naye, ikabaki ndani ya chuma ikakikausha. Wapo ndugu zake, nao wana unga, lakini wanataka gesi. Hao ukiwanyima wanajaa matundu kama mkate wa kumimina. Kwa macho hutawatofautisha." Akanigeukia. "Na wewe ukamshuku mtu kabla hujaushuku mshono wako?"

Nikaweka nyundo chini. Sudi alisimama kando ya mtungi, ovaroli ameshaivua na kuikunja, tayari kuirudisha.

"Ivae," Bosi akamwambia. "Kuna kazi." Watu wengine kuomba radhi kwao ndiko huko.

Jioni ileile nilirudi kwa baba kwa ajili ya ile posa.

Rehema sasa ana wajukuu. Shemeji akija kwangu nikimmiminia chai, hukichungulia kikombe kwanza: "Hii haijapunjwa njiani?" Tunacheka, lakini bado inanichoma.

Basi, mwanangu, siku hizi waya unaletewa na bodaboda hadi mlangoni. Boksi lake usilitupe kabla ya kulisoma, na maneno yakikushinda tafuta wa kukusomea. Kuuliza si ujinga. Waya unaojikinga usiufungulie gesi, unaotaka gesi usiunyime. Chomelea kipande cha kutupa kwanza, ukipige nyundo, ndipo uguse tela ambalo mtoto wa mwenzio atalipanda. Kushuku, shuku, tena sana, ila anza na kazi ya mkono wako. Ikistahimili nyundo, hapo umtazame mwenzio. Na hata hapo, mtazame mara mbili.

Mungu akulindie macho na kifua, akupe mshono unaopinda usikatike, na shemeji wa kukutania hadi uzeeni.