Shamba la Misukule la Nyamizi

Kilichomfungua macho Mzee Manyanda ni pumba. Nyamizi, mjane wa mwanawe, alikuwa na kuku wachache tu, wale wa kuokoteza, lakini kila akitoka kazini kwake, mtaa wa Kashaulili, alirudi na kifuko cha pumba za mahindi, na badala ya kukiacha bandani alikiingiza chumbani kwake na kufunga mlango. Sasa jamani, kuku gani wa kulishwa chumbani? Manyanda alikuwa amekaa nje anasokota kamba ya katani, mkono ukasimama wenyewe. Alijua, kama anavyojua kila mtu pale Ilembo, ni nani wanaolishwa pumba ndani ya nyumba ya mtu. Ni misukule. Watu mliowazika na kuwalilia, kumbe kuna mtu amewachukua kwa dawa, amewafungia gizani, wanamfanyia kazi na hawawezi kusema neno.

Tumjue kwanza huyu mzee, maana najua kuna watakaomcheka kabla hawajamwelewa. Alitoka Usukumani akiswaga ng'ombe, yeye na mdogo wake Stanslaus, na mkewe, na mwanawe Ezekia akiwa bado mtoto wa kubebwa kwa zamu. Walifika huku Katavi majani yakiwa tele. Baadaye ng'ombe wakapungua, wengine wamekwisha kwa ugonjwa wa ndorobo, wengine wamekwenda mnadani mmoja mmoja, mpaka zizi likabaki nguzo. Mke naye akafariki. Stanslaus akabaki Kasekese analima, Manyanda akahamia Ilembo kwa mwanawe, na kazi iliyobaki mikononi mwake ni kusokota kamba za kufungia ng'ombe wa watu wengine. Kamba zake hazikatiki, hilo hata wasiompenda wanalikubali. Na kutompenda si kazi ngumu, kwa sababu Manyanda ni mtu wa kushuku. Ukimpa chai anaitazama kwanza. Ukimsalimia kwa uchangamfu anajiuliza huyu leo anataka nini.

Ezekia hakuwa hivyo hata kidogo. Mcheshi, mtu wa watu, fundi simu aliyemfundisha mkewe ufundi wote. Kazi ilipolala akaenda kwenye machimbo ya dhahabu, na huko shimo likamfunika. Jeneza lililetwa limepigiliwa misumari. Waliolileta walimwambia mzee ni heri asifungue. Kwa hiyo Manyanda alizika sanduku. Uso wa mwanawe hakuuona, na jambo hilo lilimkaa kooni tangu siku ile, halimezeki wala halitemeki.

Matanga yalipokwisha, ndugu za Nyamizi, Wakonongo wa hapa hapa, walikuja kumchukua, maana hakuwa na mtoto wa kumfunga. Akakataa. Akasema kuna kazi hajaimaliza. Kazi gani, hakusema. Mwanamke kijana, ana ufundi wake na kibanda chake Kashaulili, anabaki kwa baba mkwe mnunaji anatafuta nini? Jirani yao Sikujua aliuliza swali hilo bombani, kwa sauti, na Manyanda akajifanya anahangaika na ndoo. Alilisikia vizuri sana.

Basi Jumapili moja mchana, kamba ilimponyoka ikaangukia chini ya dirisha la Nyamizi. Manyanda akainama kuiokota. Chumbani kwa mkamwana baba mkwe haingii, wala hachungulii, heshima haimruhusu, na yeye hajawahi kuivunja. Lakini masikio hayana pazia. Ndani kulikuwa giza, kitenge kimefunika dirisha lote na jua linawaka nje, na Nyamizi alikuwa anaongea.

"Usiwashe taa humo, Optatus. Ukiwasha tu, misukule hawatokei."

Sauti ya mwanamume, nyembamba, ya kwenye simu, ikajibu kitu.

"Unajichosha bure kuwakimbiza porini," Nyamizi akasema. "Wajengee shamba. Chumba cha giza juu, shimo refu chini. Wanatokea wenyewe, wanatembea, wanaanguka. Wakifika chini wamebaki na uhai kiduchu, unawamalizia pigo moja moja. Vile vya kijani vinakuingia mwilini vyenyewe, wewe umesimama tu."

Shimo. Shimo ndilo lililomfunika Ezekia.

"Halafu usilimbikize. Viwango vya mwanzo vinapanda haraka, vya juu vinachelewa mno. Mimi nikipata kidogo natumia hapo hapo." Kisha akashusha sauti, "Nimebakiza mmoja tu, yule wa baba mkwe. Nikimpata huyo, kazi ya Ezekia imekwisha, naondoka zangu."

Ungekuwa wewe ungefikiri nini? Manyanda alirudi kwenye kigoda chake. Na nitakwambia kilichomjia kwanza, kwa sababu si hasira na wala si hofu. Kilichomjia kwanza ni furaha. Ezekia anafanya kazi. Mtu anayefanya kazi hajafa. Yuko gizani, anakula pumba, ulimi haufanyi kazi, lakini yuko. Hofu ilikuja baadaye, alipokumbuka kwamba anayefuata ni wa baba mkwe, na baba mkwe katika nyumba ile ni mmoja.

Akampigia Stanslaus kule Kasekese, akamweleza yote, pumba, giza, shimo.

"Usile chakula chake," Stanslaus akasema. "Kesho asubuhi nakuja na watu."

"Watu gani?"

"Watu, kaka."

Manyanda hakuuliza tena. Kule walikotoka aliwahi kupita mbele ya nyumba ya bibi mmoja baada ya watu kufika. Bibi mwenyewe kosa lake lilikuwa macho mekundu, ambayo kule ndiyo alama ya mchawi, na macho yale yaliharibiwa na moshi wa kupikia maisha yake yote, kila mtu alijua. Mapanga hayakuuliza habari ya moshi.

Jioni hakula. Nyamizi alileta ugali na kisamvu, akapiga goti, akaona sahani inarudi kama ilivyokuja. "Baba unaumwa?" akauliza. "Tumbo," mzee akajibu, na akaona jinsi anavyomtazama, akasema moyoni, ananipima huyu.

Asubuhi aliamka na wazo moja. Watu wakifika, watamaliza kazi yao haraka. Na huyu akifa, nani atafungua lile giza? Nani atamwonyesha Ezekia alipo? Hakumhurumia, tusimpambe. Alimhitaji. Kwa hiyo Nyamizi alipotoka kumwamkia, Manyanda alikuwa amesimama hatua chache kutoka mlangoni kwake, kamba mkononi, mahali ambapo hajawahi kusimama.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Mkwe, mimi sitaki ugomvi na wewe. Mtu yeyote sitamwambia. Nimwone tu."

"Umwone nani, baba?"

"Ezekia. Hata kama hasemi. Walinizuia kumwona uso, na wewe unaye humo ndani. Nimwone, halafu unichukue na mimi, maana najua zamu ni yangu. Nimesikia kwa masikio yangu. Misukule, shimo, na kazi ya Ezekia."

Nyamizi alianza kucheka. Kicheko chenyewe hakikufika popote, kiligeuka, akakaa chini pale pale kizingitini na kulia mpaka kitenge kikalowa. Manyanda akasubiri. Machozi hayakumtuliza, amekwishaona watu wanaolia vizuri.

"Baba," Nyamizi akasema mwishowe, "ni gemu."

"Gemu ndiyo nini?"

Akaingia ndani, akatoka na vitu viwili. Cha kwanza ni kifuko cha pumba, kimetobolewa pembeni. "Panya," akasema. "Bandani wanazimaliza kabla ya kuku." Cha pili ni simu ya Ezekia, ile iliyopasuka kioo. Akaiweka juu ya kigoda katikati yao, akarudi nyuma. "Kioo chake kimefifia, mwangani huoni kitu. Ndiyo maana nafunika dirisha. Ni mchezo wa kujenga kwa matofali, na giza likiingia humo yanatokea majitu ya kijani. Sisi mafundi pale Kashaulili, mimi na huyo Optatus uliyemsikia kwenye simu, tunayaita misukule, kwa utani tu. Ukiyaua yanadondosha vitone vya kijani, ndizo pointi. Pointi ndizo anazozihitaji Ezekia." Akajisahihisha. "Alizozihitaji."

"Azihitajie nini?"

"Tazama mwenyewe, baba."

Hapo pakawa na kazi. Nje jua kali, simu haionyeshi. Chumbani mzee haingii. Mwishowe alivua koti lake, akakaa kwenye kigoda, akajifunika nalo kichwa kizima, simu ikiwa humo ndani, na Nyamizi akasimama mbali anamwelekeza. Gusa hapo kushoto. Taratibu. Umefika ukutani, geuka. Sikujua, aliyekuwa anafagia upande wa pili, aliusahau ufagio.

Ndani ya koti, Manyanda aliona majani ya mraba na mti wa mraba, na akataka kulivua koti kwa hasira. Kisha akaona ua. Zizi. Lango lilielekea kulia, kama lango la zizi lake la zamani, na banda la ndama lilikaa nyuma kwenye kona, mahali ambapo yeye mwenyewe alilijenga. Humo walisimama ng'ombe, na juu ya kila ng'ombe maandishi. Manyanda alijifunza kusoma akiwa mtu mzima, anasoma kwa kutafuna.

"Mi-le-mbe," akasema. Akasogeza kidole. "Ka-lu-nde." Akasogea kwa mwingine. "Mabula. Huyu Mabula alikufia njiani. Nani amekwambia majina haya?"

"Ezekia. Ni wale mliokuja nao. Alitaka akimaliza akuonyeshe. Kila jina moja linakula kiwango, na kiwango hukipati bila pointi, ndiyo maana akajenga lile shamba. Amelijenga yeye. Mimi naendeleza tu."

"Na huyu hapa langoni, asiye na maandishi?"

"Huyo ndiye wako, baba. Humo ng'ombe wote wana pembe nzima, lakini Ezekia alisema huyo ni yule wa pembe iliyovunjika. Yule ambaye Ezekia alinyweshwa maziwa yake safarini mama yake alipougua. Jina lilimpotea. Alisema akirudi kutoka machimboni atakuuliza."

Koti halikusogea.

"Mbona hukuniuliza wewe?" sauti ikatoka chini yake.

"Ungeniuliza kwanza nataka nini."

Kweli angeuliza. Humo gizani mzee alikuwa analitafuta lile jina. Alimwona yule ng'ombe waziwazi, mwekundu, pembe ya kushoto imevunjika kwenye jiwe, anatangulia mbele ya kundi bila kuchapwa. Aliona hata mkia wake. Alifungua mdomo kumwita kama alivyomwita kila asubuhi ya safari ile, na mdomoni hamkuwa na kitu. Mwanawe alimwachia swali moja tu duniani, na jibu hana. Basi akalia, humo humo, mzee yule ambaye kaburini alisimama mkavu.

Pikipiki zikasikika kabla hazijaonekana. Zikaingia uani, Stanslaus mbele, na vijana wawili nyuma, mmoja amekumbatia kitu kirefu kilichofungwa kwenye gunia. Nyamizi akaliona gunia. Hakukimbia. Alimtazama baba mkwe wake, na hakuweza kujua amekwishaamua nini, maana koti bado lilikuwa kichwani.

"Yuko wapi?" Stanslaus akasema, ingawa alikuwa anamwona.

Manyanda akalivua koti. Macho yake yalikuwa mekundu, mekundu kabisa, na wale vijana wakarudi nyuma kidogo.

"Zimeni pikipiki," akasema.

Zikazimwa.

"Yule ng'ombe wetu wa pembe iliyovunjika. Aliyekuwa anatangulia. Alikuwa anaitwa nani?"

"Kaka, sisi tumekuja kwa—"

"Najua mlichokuja nacho, kiko kwenye gunia, nakiona, na humu ndani hamna msukule. Nimekuuliza jina. Ezekia analitaka."

Stanslaus alimtazama kaka yake, akamtazama yule mwanamke kizingitini, akatazama simu. Mkono wake ukamwashiria kijana aweke gunia chini. Kisha akakaa taratibu juu ya furushi la kamba, akashika kichwa.

"Subiri," akasema. "Subiri nikumbuke."