Daftari la Wachimbaji

Wiki jana nilirudi mtaa wa Pioneer kusafisha nyumba ya Baba kabla mpangaji hajaingia. Kufungua bafu tu, harufu ya sabuni ya kipande ikanirudisha darasa la tano, rafiki yangu, na sikutaka kurudi huko.

Siku hizo Baba alikuwa mchimbaji wa madini kule bondeni. Jumamosi alifika nyumbani mweupe kwa vumbi, na hatukuruhusiwa kumsalimu mpaka Mama amwagie maji nyuma ya nyumba na ajisugue kwa sabuni hiyo ya kipande. Kisha tuliketi kwa chai ya maziwa na viazi vya kuchemsha, redio ikikoroma kwa kona. Baadaye wenzake waliingia mmoja mmoja, Baba akiandika majina, wao wakichovya kidole gumba kwa wino na kukibandika kwa daftari lake. Walitaka chama cha wafanyakazi.

"Hili daftari lisitoke hapa," Baba alituonya. "Hawa watu wana watoto."

Nami, jamani! Jumapili moja daftari langu lilikuwa limejaa, na fimbo ya mwalimu wetu niliijua vizuri. Nikafanyia hesabu kwa kurasa za nyuma za daftari la Baba, nikalipeleka shule. Mwalimu alikuwa mke wa meneja wa mgodi. Alikaa nalo siku mbili, akanirudishia limejaa tiki nyekundu.

Ijumaa hiyo wanaume kumi na mmoja walifukuzwa getini. Baba alibaki, maana yeye, mwandishi, hakuwa ameweka jina wala kidole chake. Jumamosi alilifungua daftari, akaziona hesabu zangu. Akalifunga polepole.

"Kunywa chai yako, mami," aliniambia.

Wenzake aliwaambia alilisahau mahali. Hawakumwamini. Chama kiliundwa baadaye, Baba akakiongoza, halafu akawa diwani. Lakini kila kampeni kulikuwa na mtu wa kupiga kelele: "Wale kumi na mmoja uliwauza kwa nani?" Mimi, mtu mzima na kazi yangu, niliketi jukwaani na soda mkononi, kimya. Naona aibu mpaka leo.

Mgodi ulifungwa. Mama alitangulia, na mwezi uliopita tulimzika Baba kule Ainabkoi. Mzee mmoja kati ya wale kumi na mmoja alikuja akijikokota na mkongojo.

"Baba yako alituuza," aliniambia, amenishika mkono. "Lakini nimemsamehe."

Maneno yalinifika mdomoni, haki ya Mungu. Nikasema, "Asante kwa kuja, Mzee," nikamtafutia kiti kivulini.