Vyeo Alivyovitaja Baba Kwenye Harusi ya Dada

Miaka ya vita, baba yangu alikuwa dereva wa mwanamke mmoja wa kigeni, mkuu wa shirika la kimataifa pale Bujumbura. Hakuwahi kumwita kwa jina. Kila asubuhi alimfungulia mlango wa gari na kumwambia, "Karibu, Madamu Mwakilishi Mkaazi," hata mvua ikiwanyeshea wote wawili. Yule mama alimwomba mara nyingi atumie jina lake tu. Baba alikataa.

"Jina ni la mama yake," alituambia nyumbani. "Mi niko na cheo chake tu."

Barabarani cheo hicho kilikuwa na kazi. Kwenye kizuizi askari aliuliza amebeba nani, baba akakitamka chote polepole, na kamba ikashushwa. Mezani alitufundisha vyeo vya ofisini kama sala: anayekaimu usimwite mkuu, mkuu mwenyewe atasikia, naibu usimpunguzie wala usimwongezee.

Dada yangu, mtoto wake wa kwanza, aliolewa tukiwa tunakaa Ruziba. Wakwe walitoka Gasenyi, na kati yetu ulikuwepo mji mzima na vizuizi vyake. Ilibidi waondoke na bibi harusi kabla ya kuvrefe, saa ya kila mtu kuwa ndani. Wakichelewa, dada angelala kwetu, na usiku huo wa kwanza kwa baba yake ungehesabiwa mkosi.

Kwetu baba mzazi hasemi siku ya kutoa binti. Husema msemaji wa familia. Lakini baba alimwendea msemaji, akaomba nafasi ya kusalimia wageni wa ofisini, kwa kuwa vyeo vyao alivijua yeye. Nani angemkatalia?

Akasimama, akaanza na Madamu Mwakilishi Mkaazi, aliyeketi mbele na kitenge begani. Akaja kwa Naibu Mwakilishi anayehusika na Miradi, ambaye alikuwa likizo, halafu anayemkaimu, ambaye naye hakufika. Akamsalimia Mratibu wa Misaada, Mkuu wa Usalama, Mkuu wa Usalama aliyemtangulia. Watu walicheka mwanzoni. Kisha jua likaingia nyuma ya milima ya Kongo, ng'ambo ya ziwa, na kicheko kikapungua.

Shangazi wa bwana harusi alikuwa mwanamke mnene asiyeogopa mtu. "Mzee," akasema, "unasalimia batu ao unasoma litania ya batakatifu? Sisi ba Gasenyi tutalala hapa?"

"Mama, ukimuruka mukubwa mumoja, kesho atakuuliza," baba akajibu, akaendelea.

Nilikuwa nimekaa karibu naye. Niliona hamtazami mgeni yeyote. Alikuwa anamtazama dada, na kila alipofika mwisho wa cheo alikuwa anatafuta kingine. Ndipo nilipoelewa. Vyeo vikiisha, binti naye anaondoka.

Nadhani Mwakilishi alielewa kabla yangu. Alikuwa ameketi nyuma ya kisogo cha baba miaka mingi, akikisoma kama sisi tunavyosoma uso. Alinyanyuka, akamshika kiwiko, akamwambia kwa Kiswahili chake cha kuvunjikavunjika: "Dereva, saa imekwisha. Gari yangu itatangulia. Wewe unaendesha."

Baba akatoa funguo za gari mfukoni. "Ndiyo, Madamu Mwakilishi Mkaazi."

Tukatoka hivyo: gari la shirika mbele, bendera yake juu ya boneti, baba kwenye usukani, mimi kando yake, Mwakilishi nyuma. Gari la maharusi lilitufuata karibu sana. Baba hakuendesha polepole. Kila mara aliangalia kioo, kuona kama shela jeupe bado lipo nyuma yetu.

Kizuizi cha kwanza, askari kijana aliinama dirishani na tochi.

"Mzee, umebeba nani?"

Nikasubiri cheo. Hata Mwakilishi, nilimsikia akijiweka sawa kwenye kiti, kama afanyavyo mtu anayekaribia kutajwa.

Baba alionyesha nyuma kwa kidole gumba. "Ule ni mutoto wangu," akasema. "Ninamupeleka kwake."

Askari aliitazama bendera, akalitazama shela, akashusha kamba. Baba akapita, kisha akapunguza mwendo, akingoja gari la nyuma nalo livuke.