Tuta la Nyumbani

Sifa zote ni za Allah, aliyenipa umri wa kuyakumbuka makosa yangu na bado ananiacha niamke alfajiri kumsujudia.

Biashara ilipofunguliwa kwa watu binafsi, dawa za wadudu zilifika hadi madukani kwetu milimani, zikipimwa kwa vizibo vya soda. Sisi wakulima wa mboga tulishukuru. Kabichi ya sokoni tuliipiga dawa leo, kesho ikashuka Mombo na lori kwenda mjini. Kando ya nyumba kila mmoja alikuwa na tuta dogo lisilopigwa dawa. Hilo ndilo tulilokula. Hakuna aliyeliona kuwa jambo.

Daktari mmoja, mzaliwa wa kwetu, alikuja siku moja kumtazama mke wangu aliyekuwa mgonjwa. Alipoaga aliinama kukata kabichi shambani. Nikamzuia. “Hizo za sokoni, mwanangu. Ngoja nikukatie za nyumbani.” Alinitazama, akapokea, akaenda zake.

Vyama vilipokuwa vingi, aliacha hospitali akagombea ubunge. Wagombea wenzake waliahidi barabara. Yeye, kwenye mkutano wa kijijini kwetu, alizungumzia dawa. Alisema tunawalisha watu wa mjini kitu tusichowapa watoto wetu. Watu wakanung'unika. Mmoja akamuuliza kama amekuja kuomba kura au kutuandikia sindano, wakacheka.

Ndipo akanigeukia. Nilikuwa mwalimu wa madrasa, neno langu lilipokelewa.

“Shikamoo mwalimu. Wewe unalijua hili. Waambie wenzako.”

Wanunuzi wangu wawili walikuwa wamesimama pale pale. Nikasema, “Marahaba. Mimi kwangu hakuna kitu cha namna hiyo.”

Angeweza kunitaja na kabichi zangu. Aliinamisha kichwa. “Basi nitakuwa nimekosea, mzee wangu.” Mkutano ukamzomea, na kura za kijiji chetu akazikosa karibu zote.

Baada ya uchaguzi nilimfuata nyumbani kwake Lushoto kumwomba radhi. Alinipa shikamoo ile ile, akanikaribisha chai. Alisema amenisamehe, na kwamba ubunge si kitu.

“Lakini watu bado wanakula, mwalimu. Yaseme mbele ya watu, basi.”

Nikaahidi kuyasema Ijumaa. Ijumaa ikafika, nikasimama baada ya sala, nikaangalia nyuso za majirani, nikazungumzia usafi wa udhu. Ijumaa zilizofuata sikusimama kabisa.

Yeye aliendelea kusema, kwenye mikutano na redioni, bila shahidi, mpaka wengine wakaanza kumsikiliza. Mimi niliacha kupiga dawa kimyakimya, nikamwambia kila aliyeuliza kwamba zimekuwa ghali.

Sasa nasema: alisema kweli, na mimi niliyefundisha watoto uaminifu nilimkana mchana kweupe.

Wewe unayesoma, Mola akujaalie riziki ya halali, na ulimi usioogopa majirani siku utakapoulizwa. Amin.