Kiti Kilichomcheka Salvatory

Salvatory nilimkuta soko la vitambaa la Zhongda, huku kwa Wachina, anamulika tochi ya simu kwenye jora jeusi huku akitabasamu peke yake. Laobani, mwenye duka, alishamsoma zamani. Kila tochi ikiwaka, bei inapanda.

"Kaka, zima hiyo," nikamwambia. "Ukikitazama kitu hivyo, bei unaipandisha mwenyewe."

Alikuwa Mhaya, mwanafunzi wa filamu. Kapenda vichekesho vya zamani visivyo na sauti, vile ambavyo mtu hutoweka ukimtazama au kiti kikatembea chenyewe. Mtihani wake wa mwisho ulikuwa kutengeneza kimoja kwa mkanda wa kizamani, na chuo kilimpa mkanda mmoja tu, wa dakika tatu. Ukiharibika, anarudia mwaka.

"Nataka weusi unaomeza mwanga, dada."

Mimi napeleka Unguja vitambaa vya mabuibui, weusi naujua. Alichoshika kilikuwa king'aavu. Nikanunua jora lisilong'aa, nikamwazima kwa masharti: asikate, asipige msumari, na anipigie picha za bidhaa zangu bure. Akakubali yote papo hapo, hata moja hakulipinga. Nikamhurumia.

Siku ya kazi, mwenzake aliyekuwa ajifunike nguo nyeusi, asimame mbele ya jora avute kiti cheupe bila kuonekana, hakutokea. Salvatory akakaa chini kama mfiwa.

"Sasa weye walilia nini?" nikamuuliza. "Jora umeazima, mwenye buibui humwoni?"

Nikashusha nikabu, nikavaa soksi na glavu nyeusi. Akawasha kamera, akacheza bwana mkubwa anayetaka kukaa. Kila akiinama, nakivuta kiti. Mara ya nne alianguka kwa heshima zake zote, kofia ikamshuka hadi puani. Kicheko kikanishika, mikono ikatetemeka, na kiti nacho.

"Usikiachie, dada!" akapiga kelele kutoka sakafuni. Nisingekiachia, mkanda ulikuwa umebaki kidogo mno.

Kwenye skrini mimi sikuonekana kabisa. Kilichoonekana ni kiti kinatikisika, kinamcheka bwana. Walimu walicheka hapo kuliko kwengine kote, na Salvatory akafaulu.

Picha zangu nilizipata, nzuri, na vitambaa vya mabuibui vikauzika. Ila jora lilirudi limekanyagwakanyagwa, na mita tatu za mwisho hazikufaa kuuzwa. Sikumdai.